Skonzi za Zabibu Kavu na Kazi ya Mkono Mwepesi

Skonzi ya zabibu, ambayo Waingereza huila pamoja na chai ya alasiri, asili yake ni Scotland, ambako skonzi inatajwa katika maandishi ya mwaka 1513. Wakati huo ilikuwa mkate bapa wa shayiri au oti, uliookwa juu ya bamba la chuma na kukatwa vipande vinne vya pembetatu. Skonzi nene na laini ya leo ilienea baadaye, hasa baada ya Alfred Bird, mfamasia wa Birmingham ambaye mkewe alidhurika kila alipokula hamira, kutengeneza beking pauda mwaka 1843, na Henry Jones wa Bristol kupata hataza ya unga uliokwisha kuchanganywa na kiumuaji mwaka 1845.

Beking pauda ni mchanganyiko wa magadi ya kupikia, asidi kavu na wanga kidogo unaozuia unyevu. Inapoloweshwa, magadi na asidi hushambuliana na kutoa hewa ya ukaa, na aina nyingi zinazouzwa siku hizi hutoa sehemu kubwa ya hewa hiyo zinapopata joto la tanuri. Hamira, kwa upande wake, ni kiumbe hai kinachohitaji muda. Tofauti hiyo ni muhimu kwa msomaji wa Afrika Mashariki, kwa sababu skonzi nyingi zinazouzwa madukani Nairobi na Dar es Salaam huumuliwa kwa hamira, hivyo ni mikate mitamu inayotaka kukandwa sana, na anayeihamishia kanuni hiyo kwenye skonzi ya Kiingereza hupata kitu kigumu kisichoumuka.

Sababu ya ugumu huo ni gluteni, yaani utando wa protini unaojengeka pale unga wa ngano unapokutana na maji na kusuguliwa. Katika mkate utando huu unatakiwa, kwa kuwa ndio unaoshika hewa kwa saa nyingi; katika skonzi unatakiwa kwa uchache tu. Ndiyo maana siagi, gramu 50 kwa gramu 225 za unga zilizochekechwa pamoja na vijiko vidogo vitatu vya beking pauda na chumvi kidogo, hufikichwa kwa ncha za vidole ikiwa baridi mpaka mchanganyiko ufanane na chenga za mkate. Mafuta huzifunika chembe za unga na kupunguza maji yanayozifikia, na vipande vidogo vinavyosalia huyeyuka tanurini na kuacha nafasi ambazo mvuke huzipanua. Siagi iliyoyeyuka mapema hainyimi unga maji tu, bali hulifanya donge kuwa zito na lenye mafuta, na kosa hilo halirekebishiki.

Zabibu kavu, gramu 50 hivi, huleta tatizo lake. Kwa kuwa zimekaushwa, hufyonza maji ya donge na kuliacha kavu kuzizunguka, kwa hiyo inafaa kuziloweka katika chai ya moto kwa robo saa, kisha kuzikausha kwa kitambaa. Huchanganywa na unga pamoja na gramu 25 za sukari kabla ya kumimina maziwa, mililita 150 hivi, kwani kuzitia baadaye humlazimu mpishi kukanda tena. Maziwa yakishamiminwa, donge hukusanywa kwa kisu na kubonyezwa kwa kiganja hadi unene wa sentimita mbili na nusu, na likiwa bado linanata kidogo, hiyo ndiyo hali yake njema.

Kikatio cha duara hushuka wima bila kuzungushwa, maana kukizungusha huziba ukingo na kuiinamisha skonzi inapopanda. Kwa sababu hiyo hiyo yai au maziwa hupakwa juu tu. Zabibu zilizochomoza husukumwa ndani zisiungue katika nyuzi 220 za Selsiasi, joto ambalo huivisha skonzi kwa dakika 12 hadi 15.

Mabishano ya kaunti mbili za Uingereza kuhusu kipi kipakwe kwanza juu ya skonzi, Devon, ambako malai hutangulia jemu, na Cornwall, ambako jemu hutangulia, hayabadilishi ladha hata kidogo. Muda ndio unaoibadilisha: skonzi huliwa siku ile ile ilipookwa, na zitakazobaki zigandishwe kwenye friza mara zikishapoa.