Binyavanga Wainaina: Jina, Lugha na Sura Iliyokosekana

Mwanafunzi wa fasihi akitajiwa Bonde la Ufa la kati, aghalabu hukumbuka vitabu vya walowezi: mashamba ya Njoro, farasi, ndege ndogo, na watumishi wasio na majina kamili. Mwandishi anayeshughulikiwa na makala haya alizaliwa katika bonde lilo hilo, mjini Nakuru, tarehe 18 Januari 1971, na sehemu kubwa ya kazi yake ilikuwa kuteta na uandishi wa namna hiyo. Binyavanga Wainaina aliandika kwa Kiingereza. Kwa hiyo wako watakaouliza ana haki gani ya kujadiliwa katika jarida la lugha za Kiafrika. Tunadhani anayo haki kamili, kwa kuwa Kiingereza chake kimeshonwa kwa vitambaa vya lugha nyingi za Nakuru, na kwa kuwa magomvi mawili yaliyomfanya ajulikane, la uandishi na la maisha yake ya faragha, yote yalikuwa magomvi juu ya nani ana haki ya kumpa mtu jina.

Basi na tuanze na jina lake. Baba yake, Job Wainaina, alikuwa Mgikuyu, na kwa miaka mingi alikuwa mkurugenzi wa Bodi ya Pareto ya Kenya, shirika lenye makao Nakuru, wakati ambapo nchi hii iliongoza duniani kwa zao hilo. Mama yake, Rosemary Kankindi, alitoka Bufumbira, pembe ya kusini magharibi ya Uganda inayopakana na Rwanda, naye aliendesha saluni ya nywele mjini Nakuru. Kwa desturi ya Wagikuyu mtoto wa kiume wa kwanza hupewa jina la babu mzaa baba, na wa pili jina la babu mzaa mama. Binyavanga alikuwa wa pili. Hivyo ilitukia kwamba mila ya Kigikuyu, ilipofuatwa kwa uaminifu, ilimpa jina lisilo la Kigikuyu hata kidogo. Jina lenyewe limejengwa juu ya shina -vanga, ambalo katika Kinyarwanda, lugha iliyo ndugu na Kifumbira, lina maana ya kuchanganya. Mwandishi mwenyewe aliijua maana hiyo na kuifurahia. Lakini katika nchi ambamo jina la mtu huulizwa ili kabila lake lijulikane, na kabila ili ijulikane atapigia kura upande gani, jina la namna hiyo ni mzigo vilevile. Alilazimika kulieleza tangu utotoni hadi ukubwani, hasa kwa watu waliomsemesha Kigikuyu wakastaajabu kuona hawezi kuwajibu.

Jambo hilo la kusemeshwa bila kuweza kujibu ndilo kiini cha kitabu chake cha kumbukumbu, "One Day I Will Write About This Place", kilichotolewa mwaka 2011. Mtoto katika kitabu hicho anakulia mjini, chini ya Menengai na juu ya ziwa la heroe, amezungukwa na Kigikuyu, Kikalenjin, Kiluo, Kiluhya na lugha za Wahindi wenye maduka, huku shuleni akidaiwa Kiingereza na barabarani Kiswahili. Kwa sauti hizo zote zinazompita, anabuni neno moja: kimay. Wahakiki wengi wamelitaja neno hili kama mchezo wa mtoto. Kwa mtazamo wa isimu lina uzito zaidi. Kiambishi ki- ndicho kinachotaja lugha katika Kiswahili: Kiarabu, Kigiriki, Kifumbira. Sehemu inayofuata haina maana yoyote. Mtoto, basi, amechukua ngeli ya Kiswahili, akaiachia nafasi tupu mahali pa kabila, na kwa njia hiyo akaunda jina la lugha isiyo ya mtu yeyote, lugha ya kutoelewa. Hatujui ufafanuzi bora zaidi wa hali ya usikivu katika miji ya Bonde la Ufa, ambako mtu huishi miaka mingi akisikia lugha ya jirani kama muziki. Nalo neno hilo halikuwekwa kwa mapambo. Linarudi mwishoni mwa kitabu, linapohusishwa na gitaa la benga, ambalo kwa sikio la mwandishi hutamka kile ambacho ndimi za Wakenya zimeshindwa kuambiana.

Maisha yake ya ujana yanaweza kuelezwa kwa ufupi. Alisoma shule ya msingi Nakuru, kisha Mang'u na Lenana, na mwaka 1991 akaenda Chuo Kikuu cha Transkei, Afrika ya Kusini, kusomea biashara. Masomo hayakumshika. Alijifungia chumbani na riwaya, akaacha chuo, na baadaye akaishi Cape Town akiandika juu ya mapishi na safari. Mama yake alifariki Julai 2000, naye akiwa bado Afrika ya Kusini. Tarehe hiyo tutairudia.

Mwaka 2002 alipata Tuzo ya Caine kwa masimulizi yaitwayo "Discovering Home", yaliyokuwa yametolewa katika jarida la intaneti, na ambayo sehemu yake kuu ni safari ya kwenda Bufumbira kwa wazazi wa mama yake. Mwaka uliofuata yeye na wenzake walianzisha jarida la Kwani? mjini Nairobi. Jina hilo nalo linastahili kuangaliwa. Katika sarufi "kwani" ni kiunganishi cha sababu. Katika kinywa cha Mkenya ni kiulizi cha ubishi, chenye mshangao na dharau kidogo. Jarida lilikubali kuchapa Sheng bila kuisahihisha wala kuiomba radhi. Baadhi ya wasomi wa vyuo vikuu walilishambulia kwa lugha mbovu na fani legelege, na wengine wakaliita klabu ya vijana wa Nairobi wanaolishwa na wafadhili. Lawama ya pili haikukosa msingi, kwani fedha za wafadhili zilikuwapo. Ya kwanza ilisahau kwamba Kiswahili chenyewe kilipata kuitwa lugha ya mchanganyiko na watu waliodhani wanakitukana.

Makala yaliyompa sifa ya ulimwengu ni "How to Write About Africa", yaliyotolewa katika jarida la Granta mwaka 2005. Ni kejeli fupi, na ufundi wake uko katika sarufi: karibu kila sentensi ni amri. Mwandishi anamwagiza mgeni namna ya kuiandika Afrika, anamsifu kwa makosa yake, anamvisha kilemba cha ukoka hadi kilemba kinaanguka chenyewe. Yeyote aliyezoea vijembe vya pwani ataitambua mbinu hiyo mara moja. Mwaka 2007 alipoteuliwa na Jukwaa la Uchumi la Dunia kuwa mmoja wa viongozi vijana wa ulimwengu, alikataa, akisema kwamba ingekuwa udanganyifu mkubwa kwake kukubali wazo kwamba ataathiri mambo ya dunia. Na machafuko yaliyofuata uchaguzi wa Desemba 2007 yalipofika Nakuru na Naivasha mwishoni mwa Januari 2008, watu wakaulizwa majina barabarani na kuuawa kwa majibu yao, yeye na waandishi wenzake walikuwa wamejikusanya kuyaandika yale yaliyokuwa yakitukia. Toleo la tano la Kwani? lilishughulikia msiba huo.

Tufikie sasa jambo lililozua mabishano makubwa zaidi. Mnamo Januari 2014, siku alipotimiza miaka 43, Binyavanga alitoa maandishi mafupi yaitwayo "I Am a Homosexual, Mum", akiyaita sura iliyopotea ya kitabu chake cha mwaka 2011. Nigeria ilikuwa imetoka kupitisha sheria kali dhidi ya watu wa namna yake, na Uganda, nchi ya mama yake, ilikuwa mbioni. Katika Kenya, kifungu cha 162 cha Kanuni ya Adhabu kiliweka kifungo cha hadi miaka 14. Sura hiyo imejengwa kwa sehemu mbili. Katika ya kwanza mwana yuko kando ya kitanda cha mama yake anayekufa, Julai 2000, naye anamwambia siri aliyoijua tangu akiwa na miaka mitano. Katika ya pili msimulizi anakiri kwamba hayo hayakutukia: hakuwahi kufika, hakumwambia mama, na hakumwambia baba, ambaye naye alifariki mwaka 2011.

Wengine walimpongeza, jarida la Time lilimweka miongoni mwa watu 100 wenye athari mwaka huo. Wengine walimlaani kwa jina la dini na mila. Kwa mhakiki, hata hivyo, swali linalobaki ni la fani. Kumbukumbu ni utanzu unaoahidi ukweli, na hapa mwandishi anatangaza kwamba kitabu alichokitoa miaka mitatu kabla kilikuwa na pengo. Je, kimekuwa cha uongo? Sisi tunaona kinyume chake. Ukikisoma upya, yule mtoto asiyeweza kujibu anaposemeshwa, na lile neno lenye ki- bila kabila, vinapata maana ambayo havikuwa nayo, kana kwamba pengo lilikuwa limekwisha kuandikwa humo na lilingoja kutajwa tu.

Alipata kiharusi mwaka 2015. Tarehe 1 Desemba 2016 alitangaza kwamba anaishi na virusi vya Ukimwi, na tarehe 21 Mei 2019 akafariki Nairobi, akiwa na umri wa miaka 48. Siku tatu baadaye Mahakama Kuu ya Kenya iliamua kwamba kifungu cha 162 kibaki kama kilivyo.

Mfasiri atakayetaka kuileta sura ile katika Kiswahili atapita kwa wepesi kwenye neno "mama" na kukwama kwenye neno jingine la kichwa chake. "Msenge" na "hanithi" ni matusi. "Shoga" ni neno ambalo wanawake marafiki huitana kwa upendo, na magazeti yamelifanya kuwa la dhihaka kwa wanaume. "Mpenda jinsia yake" ni lugha ya ofisi na ya semina, na hakuna mwana anayeweza kumnong'onezea nayo mama yake aliye kitandani.