Mbwa anajilamba usiku kucha? Usimpige, mchunguze

Usiku nyumba ikitulia, unamsikia mbwa barazani akijilamba. Unamkemea, anaacha kidogo, kisha anaanza tena. Asubuhi watoto wanakuonyesha: manyoya ya paja yamenyonyoka na ngozi imekuwa nyekundu.

Mzazi, kujilamba si kosa. Paka hutumia muda mwingi wa siku kujisafisha hivyo. Tatizo ni pale mnyama anaporudia sehemu ileile mpaka manyoya yanatoka au kidonda kinachimbika.

Angalia analamba wapi

Akihangaika na kiuno karibu na mkia, shuku viroboto. Mchane juu ya karatasi nyeupe iliyolowa maji. Chembe nyeusi zikianguka na kuacha rangi nyekundu, hicho ni kinyesi cha viroboto. Tibu wanyama wote wa nyumbani na ufue matandiko yao.

Akilamba nyayo, tazama katikati ya vidole: huenda kuna mwiba, kupe au mzio. Akilamba kiungo kimoja tu, huenda kinamuuma. Paka dume anayelamba sehemu za siri huku mkojo hautoki ni dharura. Mfikishe kwa daktari wa mifugo siku hiyohiyo.

Wapo pia wanaojilamba kwa upweke, hasa mbwa anayefungwa mnyororo kutwa nzima. Huyo anahitaji matembezi na mtu wa kucheza naye.

Usifanye haya

Usimpake oili chafu ya gari. Atailamba, na ni sumu. Dawa ya kuogeshea ng'ombe usiitumie kwa paka, kwani baadhi ya dawa hizo humuua. Vidonge vya binadamu vya maumivu navyo viache kabatini. Paracetamol ni sumu kali kwa paka.

Mlinde mtoto

Watoto hupenda kulambwa na mbwa wao. Mate yakigusa ngozi isiyo na mchubuko, maji na sabuni yanatosha. Yakiingia kwenye kidonda, jichoni au mdomoni, hilo ni jambo jingine. Virusi vya kichaa cha mbwa hukaa kwenye mate, na dalili zikishajitokeza kwa binadamu, karibu kila mgonjwa hufariki. Ndiyo maana Shirika la Afya Duniani linaweka kulambwa kidondani katika kundi moja na kung'atwa hadi ngozi ikatoboka.

Likitokea, osha mahali hapo kwa maji yanayotiririka na sabuni kwa dakika 15. Kama ni jichoni, tumia maji matupu. Kisha nenda hospitali siku hiyohiyo ukiwa na kadi ya chanjo ya mbwa, daktari aamue kama mtoto achanjwe.

Kadi hiyo unayo? Kama huna, anza na chanjo wiki hii. Na wafundishe watoto mambo mawili: mwenye kidonda akifunike kabla ya kucheza na mbwa, na akilambwa kidondani aseme mara moja. Asipigwe kwa kusema.