Ukikopa Sh6 milioni za nyumba, utarudisha karibu Sh18 milioni: Hesabu iko hivi

Ukiingia benki kuulizia mkopo wa nyumba, utaulizwa mshahara wako, kisha utaulizwa unaweza kulipa ngapi kwa mwezi. Wengi wetu hapo ndipo tunakwama. Ukiambiwa ni Sh74,000 kwa mwezi na kodi unayomlipa mwenye nyumba sasa ni Sh55,000, akili inakuambia: si ni kuongeza kidogo tu, na nyumba iwe yangu?

Inaweza kuwa yako, ndiyo. Lakini hiyo namba ya mwezi haikuonyeshi bei ya mkopo. Bei iko kwenye miaka, na iko kwenye riba ambayo inaweza kubadilika ukiwa tayari umeshahamia na kununua makochi.

Wacha tupige hesabu. Chukua nyumba ya Sh7.5 milioni mahali kama Syokimau au Ruiru. Umetoa Sh1.5 milioni mwenyewe, benki imekupa Sh6 milioni kwa miaka 20, riba asilimia 14 kwa mwaka. Kiwango hicho hakiko mbali na tulichozoea Kenya miaka ya karibuni.

Malipo ya kila mwezi: Sh74,611. Zidisha kwa miezi 240 na utapata Sh17.9 milioni. Yaani riba peke yake ni Sh11.9 milioni, karibu mara mbili ya pesa ulizokopa. Na ile Sh1.5 milioni yako ya mwanzo hata hatujaihesabu.

<b>Miaka mitano ya kwanza inaenda wapi?</b>

Riba ya mkopo wa nyumba hutozwa kwa salio, yaani kwa deni lililobaki. Mwezi wa kwanza unadaiwa Sh6 milioni zote, kwa hivyo riba ya mwezi huo ni Sh70,000. Umelipa Sh74,611. Iliyopunguza deni lenyewe ni Sh4,611.

Rudia hapo. Umetoa zaidi ya Sh74,000, na deni limepungua kwa pesa ya shopping ya wikendi moja.

Mwezi unaofuata riba inashuka kidogo sana, na sehemu inayopunguza deni inapanda kidogo sana. Inaenda hivyo hivyo, polepole mno. Baada ya miaka mitano utakuwa umeshailipa benki karibu Sh4.48 milioni. Salio? Sh5.6 milioni. Deni limepungua kwa chini ya Sh400,000.

Baada ya miaka kumi, nusu ya safari, umelipa karibu Sh8.95 milioni na bado unadaiwa Sh4.8 milioni. Nusu ya deni utaifikia mwaka wa 16. Aliyekopa mtoto wake akiwa chekechea atakuwa na mtoto wa chuo kikuu kabla nusu ya mkopo haijaisha.

Hakuna wizi hapa, na benki haijakosea hesabu. Ndivyo malipo yanayolingana kila mwezi yanavyofanya kazi popote duniani. Tofauti ni kwamba kwa riba ya asilimia 3 au 4 watu hawaumii sana. Kwa asilimia 14, si mchezo. Labda ndiyo maana nchi yenye watu zaidi ya milioni 50 ina mikopo ya nyumba takriban 30,000 tu, na wengi bado wanajenga kidogo kidogo kwa pesa za Sacco: mwaka huu msingi, mwaka ujao kuta, mabati Mungu akijalia.

<b>"Tukuongezee miaka upate nafuu"</b>

Hii ofa ndiyo ningeiogopa kuliko zote. Mkopo ule ule ukivutwa hadi miaka 25, malipo ya mwezi yanashuka hadi Sh72,226. Umeokoa Sh2,385 kwa mwezi. Lakini jumla sasa ni Sh21.7 milioni, yaani nafuu hiyo imekugharimu Sh3.8 milioni zaidi.

Geuza upande wa pili. Miaka 15 ni Sh79,905 kwa mwezi, ambayo ni Sh5,300 juu ya ile ya miaka 20. Jumla inashuka hadi Sh14.4 milioni. Umeokoa Sh3.5 milioni na miaka mitano ya maisha yako. Si kila mtu ana Sh5,300 za ziada, najua. Ila anayezikosa kwa sababu ya gari jipya la mkopo anapaswa kuziona namba hizi kwanza.

<b>Riba haikai mahali pamoja</b>

Hesabu zote hapo juu zimechukulia kwamba riba itabaki asilimia 14 kwa miaka 20. Mikopo mingi ya nyumba Kenya haiko hivyo. Riba yake hubadilika, na mkataba unaipa benki nafasi ya kuipandisha.

Tumeona ilivyokuwa. Mwanzoni mwa 2022 riba ya msingi ya Benki Kuu ya Kenya, CBK, ilikuwa asilimia 7. Ikaanza kupanda Mei mwaka huo, na kufikia Februari 2024 ilikuwa asilimia 13. Benki za biashara nazo zikafuata: wastani wa riba za mikopo ulitoka takriban asilimia 12 mwaka 2022 hadi karibu 17 mwishoni mwa 2024.

Sasa fikiria mtu aliyekopa Sh6 milioni mwaka 2022 kwa asilimia 12, miaka 20. Alikuwa analipa Sh66,065 kwa mwezi na amejipanga vizuri. Miaka miwili baadaye salio lake ni karibu Sh5.84 milioni, na benki inamtumia barua kwamba riba sasa ni asilimia 17. Ili amalize kwa muda ule ule, anatakiwa kulipa Sh86,800. Ongezeko la zaidi ya Sh20,000 kwa mwezi, na mshahara ni ule ule, tena umeshakatwa SHIF na ushuru wa nyumba.

Je, akiomba abaki na Sh66,065 aongezewe miaka? Haiwezekani. Riba ya mwezi mmoja peke yake imeshafika Sh82,000 na zaidi. Akilipa Sh66,065, deni linakua badala ya kupungua, hata akipewa miaka 100.

Kuanzia Agosti 2024 CBK ilianza kuteremsha riba yake ya msingi. Lakini kupanda kwa riba hufika kwa mteja haraka kuliko kushuka, na CBK yenyewe ilibidi izihimize benki hadharani zipunguze. Mwaka 2025 ikatangaza mfumo mpya wa mikopo yenye riba inayobadilika: kuna kiwango cha msingi kiitwacho KESONIA, halafu benki inaongeza sehemu yake inayoitwa K, kulingana na gharama zake na jinsi inavyouona uwezo wako wa kulipa. Kwa hivyo ukiwa mbele ya afisa wa mikopo, usiulize riba ni ngapi tu. Uliza K yako ni ngapi, na ni nini kinaweza kuibadilisha.

<b>Pesa za kabla ya ufunguo</b>

Kuna gharama ambazo hazimo kwenye Sh17.9 milioni, na nyingi zinatakiwa mapema. Ushuru wa stempu ni asilimia 4 ya thamani ya nyumba mjini, asilimia 2 mashambani. Kwa nyumba yetu ya Sh7.5 milioni hiyo ni Sh300,000 taslimu. Kusajili dhamana ya benki kuna ushuru wake mwingine, mdogo. Kuna mthamini. Kuna wakili wako, halafu kuna wakili wa benki, na huyo pia kwa kawaida unamlipa wewe. Benki ikitoza asilimia 1 ya kuandaa mkopo, hizo ni Sh60,000 nyingine.

Kisha bima mbili: moja ya nyumba yenyewe, nyingine ya maisha yako, ili ukifa deni lilipwe na familia isifukuzwe. Hizo zinaendelea mwaka baada ya mwaka. Kama ni fleti, ongeza ada ya mlinzi, maji ya pamoja na lifti. Mpangaji hujua bomba likipasuka anampigia nani. Mwenye nyumba sasa ni wewe.

<b>Sasa upande mwingine wa hesabu</b>

Ukiishia hapo unaweza kudhani kupanga ni bora siku zote. Si lazima. Kodi ya nyumba pia hupanda, na baada ya miaka 20 ya kupanga huna tofali hata moja.

Tena shilingi ya mwaka wa 20 si shilingi ya leo. Ikiwa bei za vitu zitapanda kwa wastani wa asilimia 5 kwa mwaka, zile Sh17.9 milioni zina thamani ya karibu Sh11.3 milioni kwa pesa za leo. Bado ni nyingi, ila si mara tatu ya mkopo kama zinavyoonekana kwenye karatasi.

Serikali nayo inakurudishia kidogo. Tangu mwisho wa Desemba 2024, ukikopa kununua nyumba unayoishi mwenyewe, riba ya hadi Sh360,000 kwa mwaka inaondolewa kwenye mapato yako kabla ya kukatwa kodi. Kwa aliye kwenye kiwango cha asilimia 30, ni Sh9,000 kwa mwezi. Watu wengi hawadai haki hii kwa sababu tu hawajapeleka cheti cha riba kazini au hawakukijaza kwenye iTax.

Na kuna mikopo nafuu zaidi. Kampuni ya KMRC hukopesha benki na Saccos pesa za bei ya chini ili nazo zikopeshe wananchi kwa riba ya chini ya asilimia 10. Ina masharti ya kiwango cha mkopo, kwa hivyo uliza kama unafaa. Sh6 milioni zile zile kwa asilimia 9, miaka 20, ni Sh53,984 kwa mwezi na jumla ya karibu Sh13 milioni. Pengo la Sh5 milioni linatosha kununua nyumba nyingine mtaani.

<b>Lipa mapema, si lazima iwe nyingi</b>

Kumbuka riba inafuata salio. Kila shilingi ya ziada inayoingia mapema inaua riba ya miaka yote iliyobaki.

Tuseme mwisho wa mwaka wa kwanza umepata Sh300,000, labda gawio la Sacco na pesa za kuuza ng'ombe wawili. Ukizilipa zote kwenye deni na kuendelea na Sh74,611 kama kawaida, utamaliza mkopo miezi 43 mapema na kuokoa karibu Sh3 milioni. Ukilipa Sh300,000 hizo hizo mwisho wa mwaka wa 15, unaokoa miezi isiyofika minane na Sh278,000 tu.

Hata Sh5,000 zaidi kila mwezi tangu mwanzo zinafupisha miaka 20 hadi miaka 15 na miezi kama miwili, na kuokoa Sh3.4 milioni.

Tahadhari moja: iandikie benki kwamba pesa ya ziada ipunguze muda, malipo ya mwezi yabaki vile vile. Usiposema, wanaweza kupunguza malipo ya mwezi na kuacha miaka ilivyo, na faida nyingi inapotea. Soma pia kama mkataba una faini ya kulipa mapema.

<b>Ukishindwa kulipa</b>

Kuna dhana mtaani kwamba sheria hairuhusu benki kukutoza riba kuzidi deni lenyewe. Si hivyo. Kifungu cha 44A cha Sheria ya Benki kinahusu mkopo ambao umeshaharibika kwa kutolipwa: riba inayoongezwa kuanzia hapo haiwezi kuzidi deni lililokuwa limebaki. Mkopo unaolipwa vizuri hauguswi na kifungu hicho.

Nyumba nayo haiuzwi kesho yake. Sheria ya Ardhi ya 2012 inataka upewe ilani ya angalau miezi mitatu ya kulipa malimbikizo, kisha ilani nyingine ya siku 40 kabla ya kuuza. Huo ndio muda wa kwenda benki kuomba mpango mpya, kabla ya dalali kubandika tangazo getini.

<b>Kabla ya kusaini</b>

Omba ratiba kamili ya malipo, mwezi kwa mwezi hadi wa mwisho, na jumla ya gharama zote za mkopo. Benki ikikuzungusha, jaribu tovuti ya Cost of Credit ya CBK na Chama cha Benki Kenya, ambayo ina kikokotoo cha bure. Omba pia hesabu ya malipo yako riba ikipanda kwa asilimia 5, ulinganishe na payslip yako ya sasa.

Ratiba ikifika, nenda moja kwa moja mstari wa mwezi wa 60. Salio lililo hapo ndilo benki itataka kwanza siku ukihamishwa kazi baada ya miaka mitano na ulazimike kuuza nyumba.