Tabibu wa Kinywa Aliyewaondolea Akina Mama Tuhuma

Mwenyezi Mungu Mtukufu ametutajia katika Sura ya Ar-Rum kwamba tofauti za lugha zetu na rangi zetu ni katika ishara zake kwa watu wenye elimu. Basi yatupasa tujiulize kama na sisi tumo katika watu hao. Kwani huku kwetu Lulindi, na Masasi, na kule juu Newala, akizaliwa mtoto mweupe kwa wazazi weusi, wa kwanza kutazamwa si mtoto bali ni mama yake. Wako wanong'onao kuwa amezini, wako wasemao ameingiliwa na shetani, na wako waume waliotoa talaka kabla arubaini ya uzazi haijatimia. Mwezi huu tumependa kuwaeleza wasomaji wetu habari za bingwa mmoja ambaye kazi yake yaibatilisha tuhuma hiyo tangu shinani.

Jina lake ni Carl Witkop, Mmarekani aliyezaliwa mwaka 1920 na kufariki mwaka 1993. Alisomea utabibu wa meno, kisha akajifunza maradhi ya kinywa pamoja na elimu ya urithi, yaani namna maumbile yanavyotoka kwa wazazi kwenda kwa watoto. Alifanya kazi katika taasisi ya serikali ya nchi yake ya uchunguzi wa meno, na baadaye katika Chuo Kikuu cha Minnesota.

Huenda msomaji akauliza, meno na rangi ya ngozi vinahusiana nini? Jawabu ni kuwa kinywa ni daftari la ukoo. Witkop aliwachunguza watu wa jamaa moja, babu, mwana na mjukuu, ambao meno yao hutoka bila ya ule utando mgumu wa juu, akayapanga maradhi hayo mafungu mafungu kwa kadiri yanavyorithiwa. Uko hata ugonjwa mmoja wa meno na kucha unaoitwa kwa jina lake, na mwaka 2001, yeye akiwa ameshafariki, wataalamu walilitambua jeni linalousababisha. Aliyezoea kufuata nasaba kwa meno hakushindwa kuifuata kwa nywele.

Sasa tuje kwenye ualbino. Mwaka 1952 tabibu wa macho wa Uingereza, Trevor-Roper, aliandika habari iliyowashangaza wengi. Mume na mke, wote wawili wenye ualbino, walizaa watoto wenye rangi yao ya kawaida. Kama ualbino ni kitu kimoja, jambo hilo lingewezekanaje? Witkop na wenzake walitumia kipimo chepesi. Waling'oa unywele pamoja na shina lake, wakautia katika maji yenye tairosini, ambayo ndiyo mali ghafi ambayo mwili hutengenezea rangi. Mashina ya baadhi ya watu yalipata weusi, na ya wengine yalibaki meupe vile vile. Katika maandiko yao ya mwaka 1970 walidhihirisha kwamba ualbino wa ngozi na macho si namna moja. Kwa hiyo wale wazazi wa Uingereza kila mmoja alikosa kitu kingine, na kila mmoja akampa mtoto kile alichokikosa mwenziwe.

Mwaka 1995 wataalamu waliowachunguza Watanzania wenye ualbino waliona kwamba wengi wao wana upungufu ule ule mmoja: kipande kidogo kimekatika katika jeni liitwalo OCA2. Na namna hii ni katika zile ambazo unywele hupata weusi katika kipimo cha Witkop.

Hapa ndipo penye faida kwa nyumba zetu. Kila mtu hupewa nakala mbili za kila jeni hilo, moja ya baba na moja ya mama. Mwenye nakala moja mbovu na moja nzima huwa na rangi yake kamili, wala hajijui. Wakioana wawili wa namna hiyo, kila mimba ina sehemu 1 katika 4 ya kuleta mtoto mwenye ualbino. Makadirio yatajwayo sana kwa Tanzania ni mtu 1 katika kila 1,400. Kwa hesabu hiyo, mtu 1 hivi katika kila 19 miongoni mwetu amebeba nakala hiyo, naye ni mweusi kama mkaa. Basi mume amtuhumuye mkewe na ajue kuwa mtoto yule hakupata ualbino ila kwa nakala mbili, na moja yao imetoka kwa babaye.

Wala jambo hili si geni katika dini yetu. Imepokewa na Bukhari na Muslim kwamba bedui mmoja alimjia Mtume (s.a.w.) akinung'unika kuwa mkewe amezaa mtoto mweusi. Mtume akamwuliza habari za ngamia wake na rangi zao, hata bedui akakiri kuwa miongoni mwa wekundu yumo wa kijivujivu, na kwamba huenda amevutwa na asili yake ya zamani. Akaambiwa kuwa na mwanawe huenda ni hivyo. Rangi haikufanywa ushahidi wa zinaa, na kumsingizia mwanamke mtwaharifu ni katika madhambi makubwa.

Baada ya haki ya mama, iko haki ya mtoto. Jua la mikoroshoni humletea saratani ya ngozi. Basi avishwe kofia pana na mikono mirefu, apakwe mafuta ya kuzuia jua, na asipelekwe kupalilia mchana. Macho yake hayaoni mbali, na miwani haimalizi taabu hiyo. Chuoni na shuleni akae mbele, aachiwe asogeze juzuu karibu na uso. Tusimwite zeruzeru, kwani ana jina lake la akika. Jirani zetu wa Lindi Mjini walimchagua Salum Khalfani Barwany kuwa mbunge wao mwaka 2010, mwenye ualbino wa kwanza nchini kuchaguliwa jimboni. Naye aliwahi kuwa mtoto mchanga mikononi mwa mama.

Basi enyi waume, akija mgeni wa namna hiyo nyumbani mwenu, msomeeni adhana sikioni, na mama yake mwambieni hongera.