Kabila la 43

Leo sungura na fisi wapumzike. Nina hadithi ya watu walio hai, wanaoishi Kwale, na huenda kazi ya mikono yao ilifika kwetu Machakos miaka mingi kabla Kenya haijakubali kwamba wao ni wake.

Tuanzie Wamunyu, kwenye barabara ya kwenda Kitui. Nani kati yenu hajamwona twiga wa mti, au kifaru, au vile vijiko vikubwa ambavyo wazungu hununua na sisi hatuvitumii? Wengine mna babu au mjomba anayeshika tezo mpaka leo. Ukiwauliza wazee uchongaji huu wa kuuza ulianzaje, watakutajia mtu mmoja, Mutisya Munge. Katika Vita Vikuu vya Kwanza, vya 1914 hadi 1918, Waingereza walizoa wanaume wa Ukambani kwa maelfu, wakawabebesha mizigo ya jeshi hadi Tanganyika, ambako walikuwa wakipigana na Wajerumani. Wengi hawakurudi. Maradhi na njaa viliua wapagazi wengi kuliko risasi. Mutisya alirudi, tena akarudi na ujuzi: kule kusini alikaa na wachongaji, akawatazama wanavyouchokoa mpingo mpaka mtu atokee ndani yake. Wapo wanaosema waliomfundisha walikuwa Wazaramo, na wapo wanaosema walikuwa Wamakonde. Wakamba walikuwa wakichonga vigoda na miko tangu zamani, ila sanamu za kuuza zilianzia kwake. Akafundisha jamaa zake, jamaa wakafundisha kijiji, na baadaye Wakamba wakawa na chama chao cha ushirika cha wachongaji hadi Changamwe, Mombasa.

Hao Wamakonde kwao ni pande zote mbili za mto Ruvuma. Kusini ni nyanda za juu za Mueda, Msumbiji. Kaskazini ni Newala na Mtwara, Tanzania. Tangu miaka ya 1930 baadhi yao walipanda juu mpaka pwani ya Kenya kutafuta kazi. Mkonge ulitaka wakataji, na shamba la miwa la Ramisi kule Kwale nalo lilitaka wakataji. Mkoloni alitaka mikono, akaipata. Wakajenga, wakaoa, wakazaa, wakazika wazee wao hapo hapo. Kijiji kimoja chao, Makongeni, kiko karibu na Msambweni. Uhuru ulipokuja 1963 walisherehekea kama majirani zao Wadigo. Halafu Kenya ikaanza kuandika watu wake, na wao wakaachwa nje ya orodha, bila vitambulisho.

Namsikia mmoja wenu akisema, “Kwani bila kitambulisho kuna nini? Mimi nina miaka 12, sina, na ugali nakula.”

Unakula kwa sababu kuna mtu mzima anayekununulia unga. Ngoja ufike 18. Bila kitambulisho huwezi kusajili laini ya simu kwa jina lako, kwa hiyo M-Pesa utatumia ya mwingine, na pesa zako zitalala kwake. Benki hawakufungulii akaunti. Hupigi kura. Kazi ya mshahara huandikwi. Polisi wakisimamisha matatu, wenzako wanatoa kadi na wewe unatoa maelezo. Kibaya zaidi ni shamba. Wamakonde waliochanga pesa wakanunua ardhi iliwabidi waiandikishe kwa jina la rafiki mwenye karatasi. Rafiki ni mtu mwema, sawa. Lakini siku rafiki akifa na wanawe wakija na hati mkononi, utawaambia nini? Na mtoto naye hurithi tatizo la baba. Wapo waliochoka wakajiandikisha kwa kabila la jirani, wakapata kadi kwa kulikana jina lao. Siwalaumu hata kidogo.

Sasa tuangalie idadi. Katika sensa ya 2019 Wakamba tulikuwa 4,663,910. Wamakonde walikuwa 3,764, na wenyewe si wadogo kuliko wote: Waelmolo wa ziwa Turkana walikuwa 1,104, na Wadahalo wa Lamu 575. Shule chache kubwa za mjini Machakos zikikusanya wanafunzi wao uwanjani, zinaweza kuwazidi Wamakonde wote wa Kenya. Ila uchache peke yake haukuwa shida yao. Waelmolo ni wachache zaidi, na hakuna aliyewaambia si Wakenya. Shida ilikuwa ile hesabu tuliyofundishwa darasani, kwamba makabila ya Kenya ni 42. Mimi sijawahi kuipenda. Ukishaifunga hesabu, aliyebaki nje anageuka mgeni, hata kama babu yake amezikwa hapa. Tena sisi wa Machakos tusijione wenyeji kila mahali. Nenda Shimba Hills, huko huko Kwale, utakuta Wakamba waliohamia kwenye nchi ya Wadigo na Waduruma. Tofauti ni kwamba Mkamba wa Shimba Hills akienda kwa chifu hakuna anayemuuliza nchi yake ni ipi.

Oktoba 2016 Wamakonde waliona kungoja kumetosha. Mamia yao, pamoja na watetezi wa haki za binadamu, walitoka Kwale wakaelekea Nairobi kumwona Rais. Barabara hiyo ya Mombasa mnaijua: inapita Kyumvi, inapita Athi River na Mlolongo, yaani kaunti yetu.

Watu wa hapa walipaswa kuitambua safari kama hiyo. Mwaka 1938 serikali ya kikoloni ilidai ng'ombe wa Wakamba wanaharibu ardhi, ikawachukua kwa nguvu na kuwauza kwa bei ya kutupa, huku Athi River pakiwa na kiwanda kipya cha nyama kikiwasubiri. Ndipo Muindi Mbingu akaongoza watu, wanaume kwa wanawake na watoto, kwenda Nairobi kumwona Gavana. Walipiga kambi huko kwa wiki kadhaa, wakakataa kuondoka. Serikali ilimkamata Mbingu, ikamhamishia Lamu, lakini kuchukua ng'ombe kwa nguvu kukakoma. Leo kuna barabara yenye jina lake katikati ya Nairobi.

Wamakonde nao walifika. Tarehe 13 Oktoba 2016 Rais Uhuru Kenyatta aliwapokea Ikulu, akaomba radhi kwa kuchelewa, akaagiza wapewe vitambulisho kabla ya mwaka kwisha. Sheria ya uraia ya 2011 ilikuwa tayari inaruhusu watu wasio na nchi, waliokuwa hapa tangu kabla ya uhuru, waandikishwe pamoja na watoto wao. Kilichokosekana ni mtu wa kuitekeleza. Mwanzoni mwa 2017 wakaanza kukabidhiwa kadi, na watu wakawaita kabila la 43. Wazee wa miaka 70 walishika kitambulisho chao cha kwanza siku moja na wajukuu wao.

Mlango ulipofunguka, wengine wakaingia. Wahindi wa Kenya walitangazwa kabila la 44 mwaka 2017. Washona, ambao wazee wao walikuja kutoka Zimbabwe wakihubiri injili, walikubaliwa Desemba 2020. Wapemba, wavuvi wa Kwale na Kilifi wenye asili ya kisiwa cha Pemba, walipata zamu yao 2023.

Si wote. Kule kwenye mashamba ya chai ya Kericho wapo watu ambao babu zao waliletwa kutoka Rwanda na Burundi enzi za mkoloni, na wengi wao hawajapata uraia. Chai ya Kericho inapigwa mnada Mombasa kila wiki kama chai ya Kenya. Waliozaliwa na wachumaji wake wanastahili kuitwa Wakenya pia, na kuwachelewesha zaidi ya hapa ni dhuluma.