Padi Mpya kwa Mashine ya Zamani: Tuulize Kwanza, Ndipo Tununue

Umeme umefika katika vijiji vingi vya nchi yetu, na nyuma ya umeme vimefuata vibanda vya gemu. Kijana atokaye Gulwe kwenda Dodoma mjini hakosi kukiona kimoja njiani: chumba kidogo, televisheni mbili au tatu, benchi, na vijana wawili wawili wakishindana mpira wa kwenye kioo huku wenzao wakingoja zamu. Mashine iliyo chini ya televisheni mara nyingi si mpya. Ni ile ya pili katika ukoo wa PlayStation, ambayo kiwanda kiliacha kuitengeneza zaidi ya miaka kumi iliyopita.

Mashine hizo bado ni nzima. Kinachokufa kwanza ni padi, yaani kile kishikio chenye vitufe ambacho mchezaji hukishika kwa mikono miwili. Hushikwa tangu asubuhi hata usiku, huangushwa, huvutwa waya. Ikifa padi moja, watu wawili hawawezi kushindana tena, na mwenye kibanda hupoteza fedha kila saa ipitayo. Hali kadhalika nyumbani: kijana aliyeuza kuku wake wawili ili apate mashine iliyotumika, hubaki akiitazama tu.

Hapo ndipo shida ianzapo. Dukani kuna padi mpya, nzuri, isiyo na waya, ya mashine ya nne au ya tano. Mwuza duka asema, “Hii ni ya kisasa, itafanya kazi popote.” Je, ni kweli? Jibu ni kwamba pengine ndiyo, pengine siyo. Lakini jambo hilo laweza kujulikana kabla fedha hazijatoka mfukoni.

RELI MBILI ZA GULWE

Watu wa Gulwe wanao mfano mzuri mbele ya macho yao. Reli ya zamani, iliyojengwa na Wajerumani ikafika Dodoma mwaka 1910 na Kigoma mwaka 1914, ina upana wa mita 1 kati ya chuma na chuma. Reli mpya ya umeme, ambayo treni zake zilianza kuchukua abiria kati ya Dar es Salaam na Dodoma mwaka 2024, ina upana wa milimita 1,435. Treni mpya ina nguvu na mbio kupita ya zamani. Lakini iweke juu ya reli ya zamani, haiendi hata hatua moja. Si kwa sababu ni mbovu, bali kwa sababu magurudumu yake hayakupimwa kwa reli ile.

Tena tazama Kidatu, katika mkoa wa Morogoro. Huko reli ya mita 1 hukutana na reli ya TAZARA yenye upana wa milimita 1,067. Mabehewa hayawezi kuvuka, lakini mizigo yaweza kuvuka: hushushwa huku ikapakiwa kule.

Padi na mashine ni vivyo hivyo. Ziko zinazopatana moja kwa moja, ziko zinazohitaji “Kidatu” katikati, na ziko zisizopatana kabisa.

UKOO WA MASHINE HIZI

PlayStation ya kwanza iliuzwa Japani mwezi wa Desemba 1994. Padi yake ya mwanzo haikuwa na vile vijiti viwili vya kusukumwa kwa dole gumba. Hivyo vilikuja mwaka 1997. Mashine ya pili ilitoka mwaka 2000, na zaidi ya milioni 150 ziliuzwa ulimwenguni kabla kiwanda hakijafunga kazi hiyo mwanzoni mwa mwaka 2013. Ya tatu ilitoka mwaka 2006, ya nne mwaka 2013, na ya tano mwaka 2020.

Baina ya ya kwanza na ya pili kulikuwa na upatano mzuri. Plagi ya padi ilikuwa ya namna moja, na lugha yake moja. Padi ya mashine ya pili iliweza kuchomekwa katika mashine ya kwanza ikachezea michezo ya zamani bila matata. Mashine ya pili nayo iliweza kusoma diski za ile ya kwanza. Mtu hakulazimika kutupa alichokuwa nacho.

Upatano huo wa padi ulikatika mwaka 2006. Padi ya mashine ya tatu iliacha plagi ya zamani ikatumia USB, yaani tundu kama lile la kompyuta, na Bluetooth, ambayo hupeleka habari hewani bila waya. Tangu hapo, mwenye mashine ya pili hawezi kununua padi ya mashine mpya na kuichomeka tu.

MASWALI MATATU

Basi kabla ya kununua, mtu ajiulize maswali matatu.

La kwanza: je, plagi yaingia? Plagi ya mashine ya pili ina ncha 9 za chuma, wala haifanani na USB. Lakini hapa pana mtego uliowapata wengi. Mashine ya pili ina matundu mawili ya USB kwa mbele. Mtu huchomeka padi mpya humo, nayo yaingia vizuri kabisa. Kisha awasha mchezo, na hakuna kitu! Matundu hayo yaliwekwa kwa vyombo vingine, na michezo karibu yote ya mashine ile hungoja padi katika tundu lake la asili. Usidanganyike kwa sababu plagi imekubali.

La pili: je, zazungumza lugha moja? Ndani ya padi mna kifaa kidogo cha umeme kinachoiambia mashine, “Kitufe hiki kimebonyezwa, kile kimeachwa.” Padi ya zamani husema kwa namna yake na padi ya USB kwa namna nyingine. Ndiyo sababu mafundi wanaokata waya wa padi ya zamani na kuuunga kwenye padi ya USB hawafaulu. Hata umeme wenyewe ni tofauti: USB hutumia volti 5, na tundu la padi la mashine ya pili lina vipimo vyake vingine. Aungaye ovyo aweza kuua padi na mashine kwa siku moja.

Wakati mwingine si lugha inayozuia, bali amri ya kiwanda. Mashine ya tano huchezesha michezo mingi ya mashine ya nne, na padi ya tano yafanya kazi humo vizuri. Padi ya nne nayo hukubaliwa katika mashine ya tano kwa michezo ile ya nne. Kwa michezo iliyotungwa kwa ajili ya mashine ya tano hukataliwa. Na ukiipeleka padi ya tano katika mashine ya nne, mashine haiitambui yenyewe, ijapokuwa ni ndugu wa karibu. Basi usihesabu undugu; uliza.

La tatu: je, mchezo wenyewe wataka nini mkononi? Swali hili watu wengi hulisahau. Padi asili ya mashine ya pili ina vitufe vinavyosikia uzito wa kidole. Katika mchezo wa mbio za magari uitwao Gran Turismo 3, wa mwaka 2001, ukibonyeza kidogo gari huongeza mwendo kidogo, ukikaza kidole gari hupaa. Padi ya mashine ya nne, ijapokuwa ni mpya zaidi, haina usikivu huo katika vile vitufe vinne vya mkono wa kulia. Kwake kitufe kimebonyezwa au hakikubonyezwa, basi. Kwa hiyo mchezo wa zamani waweza kuchezeka kwa padi mpya, lakini ukapotewa na ladha yake, kama ngoma iliyowambwa kwa plastiki badala ya ngozi.

Vivyo hivyo padi ya kwanza ya mashine ya tatu haikuwa na mtetemo. Watu waliotia diski za mashine ya pili katika zile mashine za tatu za mwanzo, zilizokuwa na uwezo wa kuzisoma, waliona michezo ikienda sawa, ila mikono haikusikia kitu gari lilipogonga ukuta. Padi yenye mtetemo ilianza kuuzwa Japani mwishoni mwa mwaka 2007. Wahenga walisema: usiache mbachao kwa msala upitao.

NJIA ZILIZOPO

Aliye na padi mpya tayari, naye ataka kuitumia kwa michezo ya zamani, anazo njia tatu.

Njia ya kwanza ni adapta, na hii ndiyo Kidatu yetu. Upande mmoja ina plagi ya ncha 9, upande wa pili hupokea padi mpya kwa USB au Bluetooth, na katikati mna kifaa cha kutafsiri lugha. Lakini adapta haifasiri padi zote. Sharti boksi lake litaje kwa jina padi uliyo nayo na mashine uliyo nayo. Ikitajwa moja tu, acha.

Njia ya pili ni programu. Wapenzi wa mashine ya pili wametunga programu iitwayo Open PS2 Loader, ambayo huchezesha michezo iliyowekwa katika diski ngumu au USB. Programu hiyo ina sehemu iwezayo kupokea padi za mashine ya tatu na ya nne kupitia yale matundu ya USB ya mbele. Kazi hii yataka fundi ajuaye, tena mvumilivu, maana si kila mchezo hukubali. Wala tusisahau kwamba kunakili michezo ya watu na kuiuza bila ruhusa ni kuvunja haki ya mwenye kazi.

Njia ya tatu ni kutumia kompyuta au simu. Padi mpya hupatana vema na kompyuta, na simu nyingi za siku hizi huzipokea kwa Bluetooth. Ziko programu zinazoiga mashine za zamani ndani ya kompyuta yenye nguvu ya kutosha. Lakini kwa mwenye kibanda, kununua kompyuta ili kuokoa padi ni kununua ng'ombe kwa sababu ya kikombe cha maziwa.

Pahali ambapo umeme hukatika, fikiri jambo moja zaidi. Padi ya zamani hula umeme wa mashine kwa waya wake, haina betri. Padi isiyo na waya ina betri, na betri yataka kuchajiwa, nayo huchoka kadiri miaka ipitavyo. Pia padi isiyo na waya ni rahisi kuondoka mfukoni mwa mtu.

KABLA YA KUNUNUA, FUNGUA UTAZAME

Padi nyingi zinazotupwa hazikufa. Waya hukatika karibu na shingo, pale unapotoka kwenye padi, na fundi wa redio aweza kuukata na kuuunga upya. Vitufe hukwama kwa sababu ya vumbi na jasho; vumbi la nyanda zetu za kati tunalijua. Ndani ya padi asili ya mashine ya pili mna utando mwembamba wenye njia za umeme, na mipira midogo chini ya vitufe. Fungua skrubu taratibu, safisha kwa kitambaa kikavu, tazama kama utando umekunjika. Ukipata padi mbili mbovu, pengine moja nzima itatoka humo.

Ikiwa hapana budi kununua, padi ya waya ya mashine ile ile ndiyo ifaayo kwanza. Angalia, padi za kuiga zimejaa madukani, na nyingi hazina ule usikivu wa kidole. Nenda na mashine yako dukani, au mwombe mwuza duka aichomeke mbele yako. Jaribu kila kitufe na vijiti vyote viwili. Mwuzaji mwaminifu hatakasirika.

NENO KWA WAZAZI NA WENYE VIBANDA

Baba na mama, mwanao akija kuomba fedha za padi mpya, usimkatalie kwa kutojua, wala usimpe kwa kutojua. Mwulize yale maswali matatu. Akiweza kuyajibu, amejifunza kufikiri kabla ya kutumia fedha, na elimu hiyo yapita thamani ya padi. Asipoweza, mwache aende akaulize kwanza. Na mtakapoifungua padi mbovu pamoja mezani, huenda akaonja kazi ya ufundi, ambayo si kuangalia kioo tu.

Mwenye kibanda naye aandike katika daftari: padi ilinunuliwa lini, ilikufa lini, ilitengenezwa kwa fedha ngapi. Mali bila daftari huisha bila habari. Baada ya miezi sita atajua kama zile padi rahisi zina faida kweli, au zamla polepole.

Mchezo wa mwisho wa mpira wa FIFA kwa mashine ya pili ulitoka mwaka 2013, na watoto waliozaliwa mwaka ule sasa wamepita kimo cha benchi la kibanda. Mashine bado zawaka. Mwenye kuzitunza, naye akajua kipi chapatana na kipi, aweza kuziwasha miaka mingi bado kwa gharama ndogo.