Nani Akae Ndani Wakati Kesi Inasikilizwa

Kesi ya nyumba huwa na maswali mawili, ingawa wengi huliona moja tu. La kwanza ni nyumba ya nani. La pili, linalodai jibu miezi au miaka kabla ya lile la kwanza, ni nani akae ndani wakati mashahidi wanasubiri zamu yao. Amri ya zuio la muda hujibu hili la pili peke yake: haimpi mtu hati wala haimvui mwingine urithi. Chukua mjane ambaye shemeji yake ameuza nyumba ya marehemu kabla mirathi haijafunguliwa, na mnunuzi amekuja na dalali kumtoa yeye na watoto. Bila zuio, anaweza kushinda kesi ya nyumba iliyokwisha kubomolewa. Kwa sababu hiyo nashikilia kwamba nyumba inapokuwa makazi, ukaaji wenyewe unastahili uzito mkubwa kuliko unaopewa kwa kawaida wakati wa kupima maombi ya zuio.

Vigezo vya upimaji huo ni vya siku nyingi. Mahakama za Tanzania Bara hurejea kesi ya Atilio dhidi ya Mbowe ya 1969; za Kenya hurejea Giella dhidi ya Cassman Brown ya 1973. Mwombaji aonyeshe kwamba ana hoja ya msingi yenye dalili ya kushinda; kwamba asipolindwa atapata madhara yasiyofidika kwa fedha; na kwamba akinyimwa zuio ataumia kuliko mwenzake atakavyoumia likitolewa. Kigezo cha pili ndicho kinachowaangusha wengi. Nyumba ina bei, huambiwa, kwa hiyo ukishinda utalipwa. Kwa ghala au fremu ya duka, hoja hiyo ina nguvu, na kesi ya Giella yenyewe ilihusu masharti ya kutoshindana kibiashara. Lakini mthamini hukadiria kiwanja na jengo. Hamkadirii mtoto anayehama shule katikati ya muhula, wala kaburi la baba lililoko uani, wala kodi ya miezi sita ambayo familia iliyotolewa usiku itadaiwa kwa mkupuo kabla ya kupata chumba kingine. Fedha itakayolipwa miaka mitatu baadaye hairudishi muhula huo.

Mabenki yana jibu, na si jibu la kupuuzwa. Aliyeweka nyumba rehani ameifanya mwenyewe kuwa mali ya kuuzwa. Kisha wiki ya mnada anakimbilia mahakamani na hati ya dharura, akitafuta muda tu. Ni kweli wapo wa namna hiyo, na kigezo cha kwanza kipo kwa ajili yao: asiyelikana deni, naye amepewa notisi kwa mujibu wa sheria, hana hoja ya kulindwa. Ila rehani ya nyumba ya familia humgusa mtu wa pili. Kifungu cha 59 cha Sheria ya Ndoa ya Tanzania ya 1971 kinakataza mwanandoa kuuza au kuweka rehani nyumba ya ndoa bila ridhaa ya mwenzake. Mke anayesema hakuridhia hajaifanya nyumba kuwa bidhaa. Huenda anasema uongo, kwani wapo wanandoa wanaopanga hila hiyo pamoja. Lakini uongo huo utabainika kwa ushahidi, na ushahidi bado haujasikilizwa. Katika kungoja huko benki hupoteza riba, kitu kinachohesabika hadi shilingi ya mwisho. Tena zuio si la milele: Amri ya 37 ya Sheria ya Mwenendo wa Madai ya Tanzania inalipa ukomo wa miezi sita, na nyongeza, isiyovusha jumla ya mwaka mmoja, hutolewa kwa aliyeonyesha bidii ya kulimaliza shauri lake. Anayetaka kulalia amri hana nafasi ndefu.

Pingamizi lililo gumu zaidi kwangu ni la mvamizi. Je, aliyevunja kufuli juzi alindwe kwa sababu leo yumo ndani? Hapana. Hali inayostahili kulindwa ni ile ya mwisho ya amani, kabla ya ugomvi kuanza. Anayeingia kwa nguvu na kukimbilia kuomba zuio anaitumia mahakama kuhalalisha uvunjaji wake, na hakimu anapaswa kuuliza alivyoingia kabla ya kuuliza anavyoishi.

Kwa vyovyote, amri isiyotiiwa haimlindi mtu. Septemba 2011 wakazi wa kijiji cha Mitumba, karibu na uwanja wa ndege wa Wilson jijini Nairobi, walipata amri ya Mahakama Kuu ya kuzuia wasiondolewe. Novemba mwaka huohuo nyumba zao zilibomolewa, amri ikiwa bado hai. Walishinda mwaka 2013, wakashindwa katika rufaa, na Januari 2021 Mahakama ya Upeo ilikuwa bado inajadili nafuu wanayostahili watu ambao nyumba zao hazikuwapo tena kwa zaidi ya miaka tisa.